Maswali yenu ya pesa: mkopo wa nyumba, mpaka unamaliza umelipa shilingi ngapi?

Mwezi huu karibu maswali yote yaliyoletwa ni ya nyumba na benki, kwahiyo ya vikoba na hisa nimeyaweka pembeni kwanza. Nimeanza na la mama wa Tabata na nimelijibu kwa urefu maana ndani yake mna majibu ya watu wengine wengi walioandika.

SWALI: Habari za kazi. Mimi na mume wangu wote tumeajiriwa, tumepanga Tabata kodi 450,000 kwa mwezi na mwenye nyumba anataka ya miezi sita kwa mkupuo. Tumepata nyumba Kigamboni inauzwa milioni 100, kianzio tunacho milioni 20, benki wako tayari kutupa hiyo 80 iliyobaki kwa riba ya 15% miaka 20, rejesho milioni moja na elfu 53 na kidogo kwa mwezi. Afisa mikopo anatwambia tukitaka nafuu tuchukue miaka 25 rejesho linashuka. Sasa mi nikachukua simu nikazidisha mara miezi 240 nikapata milioni 252 nikashtuka, nikamwambia mume wangu hapa nimekosea maana 15% ya milioni 80 ni milioni 12 tu. Nani kakosea? *Mama wa wawili, Tabata*

JIBU: Dada hujakosea hata kidogo, na nakupongeza kwa kuzidisha kabla ya kusaini maana wengi wanazidisha wakiwa wameshahamia. Hiyo 15% ni ya kila mwaka, sio ya mara moja, na inapigwa kwenye deni lililobaki. Milioni 12 uliyoipata ndo riba ya mwaka wa kwanza peke yake, afu unakuja mwaka wa pili inapigwa tena kwenye salio ambalo halijashuka hata milioni moja. Ukijumlisha yote mtalipa kama milioni 252.8, yaani milioni 80 ya nyumba na milioni 172.8 ya riba. Mkopo mmoja, mmeulipa mara tatu na kidogo.

Kabla hamjasaini muombe afisa mikopo awaprintie jedwali la marejesho, lote, miezi yote 240, msikubali ukurasa wa kwanza tu. Uangalie mstari wa kwanza kabisa. Utakuta rejesho 1,053,432, riba 1,000,000, deni lililopungua 53,432, salio 79,946,568. Rudia kuusoma. Mmetoa zaidi ya milioni, na nyumba mmeilipia elfu hamsini na tatu. Mwezi wa pili riba inashuka kwa shilingi mia sita na kitu, na hizo mia sita ndo zinaongezeka upande wa deni, inaenda hivohivo taratibu sana. Baada ya miaka mitano mtakuwa mmeshatoa milioni 63.2 na bado mnadaiwa milioni 75.3. Baada ya miaka kumi mmetoa milioni 126 na mnadaiwa 65. Nusu ya deni, ile milioni 40, mnaifikia mwaka wa kumi na sita. Hakuna aliyewaibia hapo, ndivyo hesabu ya riba ya salio linalopungua inavyokwenda popote duniani, ila kwa riba zetu za huku inauma zaidi.

Hapa ndo wengi wanaumia: mtu akipoteza kazi au akitaka kuuza mwaka wa sita anadhani kwa kuwa amelipa miaka sita basi sehemu kubwa ya nyumba ni yake, anakuja kukuta benki inachukua karibu deni lote alilokopa.

Sasa hiyo nafuu ya miaka 25. Rejesho linakuwa 1,024,665. Yaani mnapunguziwa kama elfu 29 kwa mwezi, na kwa hiyo elfu 29 mnalipa miaka mitano zaidi na jumla inafika milioni 307. Milioni 54 na ushee zaidi! Mimi sioni nafuu hapo na ningemwambia afisa hapana asante. Geuza upande wa pili uone: mkichukua miaka 15 rejesho linapanda mpaka 1,119,671, ongezeko la kama elfu 66 tu kwa mwezi, na jumla inashuka mpaka milioni 201.5. Elfu 66 kwa mwezi inawaokolea milioni 51. Miaka kumi ni 1,290,680 kwa mwezi na jumla milioni 154.9, hiyo najua ni nzito kwa familia yenye watoto wawili lakini muijue ipo.

Na kama mnaogopa kujifunga na rejesho kubwa, chukueni hiyo ya miaka 20 lakini muwe mnaongeza laki moja kila mwezi kuanzia mwanzo. Laki moja tu inamaliza mkopo kwenye miaka 13 na miezi 7 na inapunguza jumla kwa kama milioni 65, kwa sababu yote inaenda kwenye deni lenyewe, haigusi riba. Ila muulize mambo mawili na mjibiwe kwa maandishi: je kuna faini ya kulipa kabla ya muda, na je hela ya ziada inapunguza muda au inapunguza rejesho la mwezi ujao? Kuna sehemu usipoandika barua hela yako inakaa tu kwenye akaunti inasubiri rejesho linalofuata, haijagusa deni. Na laki ya mwaka wa kwanza ina nguvu kuliko laki ya mwaka wa kumi na tano, kwahiyo bonasi, hela za kikoba, chochote kikija mapema kipelekeni huko mapema.

Kuna gharama ambazo hazimo kwenye hilo rejesho. Ada ya kuandaa mkopo (mara nyingi ni asilimia moja au mbili, nayo kwa milioni 80 ni hela), mthamini, mwanasheria, ushuru wa stempu wa 1% kwenye kuhamisha umiliki, kusajili rehani, bima ya moto, na bima ya maisha ya mkopo ambayo sehemu nyingine inalipwa kila mwaka. Afu kodi ya pango la ardhi, kodi ya jengo inayokatwa mkinunua umeme wa LUKU, na paa likivuja hamna mwenye nyumba wa kumpigia simu. Pembeni ya ile milioni 20 ya kianzio muwe na akiba nyingine, la sivyo mtakwama kwenye hizo.

Watu watawaambia msijali, shilingi inashuka thamani, milioni ya miaka ishirini ijayo itakuwa hela ndogo. Ni kweli kiasi, lakini mfumuko wa bei hapa Tanzania umekuwa unacheza kwenye asilimia tatu miaka hii, na nyie mnalipa 15. Mshahara usipopanda kwa kasi hiyo haiwasaidii sana.

Je mbaki kupanga? Sijasema hivo. Kodi yenu ikipanda 5% kwa mwaka, kwa miaka 20 mtakuwa mmemlipa mwenye nyumba kama milioni 178 na hamna tofali hata moja. Kwahiyo mkopo una maana yake. Ushauri wangu ni kwamba mkiweza rejesho la miaka 15, na mshahara wa mmoja wenu ukikatika miezi sita bado mkaweza kula na kulipa, chukueni. Mkiona hiyo miezi sita hamuwezi, endeleeni kupanga miaka miwili mkuze kianzio mpaka milioni 35 au 40, deni linakuwa dogo na kila kitu kinapungua. Na hati isomeke majina yenu wote wawili, sheria ya ardhi inataka ridhaa ya mwenza kabla nyumba ya familia haijawekwa rehani lakini jina kwenye hati lina nguvu zaidi ya saini ya ridhaa.

SWALI: Mkuu nina mkopo wa nyumba milioni 60, 16%, miaka 20, nimelipa miaka miwili vizuri tu. Juzi nimepata meseji riba imepanda kuwa 18% ila rejesho langu limebaki vilevile 834,754. Mke wangu anasema tumshukuru Mungu. Mimi nina wasiwasi. *Msomaji, Arusha*

JIBU: Kaka wasiwasi wako uko mahali pake, nenda benki wiki hii. Salio lako sasa hivi linatakiwa kuwa kama milioni 59. Asilimia 18 ya hiyo kwa mwaka, ukiigawa kwa miezi 12, ni kama 885,000 kwa mwezi. Rejesho lako ni 834,754. Umeona? Rejesho halitoshi hata riba, kila mwezi inabaki kama elfu 50 haijalipwa na ikirudishwa kwenye deni basi unalipa kila mwezi na deni linakua. Unaweza kwenda hivo miaka kadhaa bila kujua maana hakuna anayekupigia simu, hela inakatwa kwenye mshahara kama kawaida.

Ili umalize ndani ya ile miaka 18 iliyobaki rejesho linatakiwa lifike kama 922,000. Muulize afisa mikopo maswali haya: salio langu leo ni shilingi ngapi, kwa riba mpya mkopo unaisha mwezi gani na mwaka gani, na nataka jedwali jipya. Akishindwa kukutajia mwezi wa kumaliza ujue ndo hivo nilivyokwambia. Kama unaweza ongeza rejesho mwenyewe, kama huwezi kabisa omba waongeze muda kidogo lakini rejesho lizidi riba, hilo ndo la chini kabisa.

Na wengine ambao hamjasaini, kwenye barua ya ofa tafuteni kipengele kinachosema benki inaweza kubadili riba. Kipo karibu kila mkopo wa muda mrefu. Ulizeni inabadilika kwa kufuata nini. Benki Kuu yetu ilianza kutumia riba ya sera (inayoongoza riba za mabenki) Januari 2024 kwa 5.5%, ikaipandisha 6% Aprili mwaka huohuo na Julai 2025 ikashusha 5.75%, sasa kama mkopo wako umefungwa kwenye kitu kinachoonekana hivo unaweza kufuatilia na kudai ishuke. Kama imeandikwa tu kwa uamuzi wa benki, mara nyingi utasikia ikipanda na hutasikia ikishuka mpaka uende ukaulize.

SWALI: Mimi ni mwalimu, nina pagale langu limefika kwenye lenta miaka minne sasa. Nimeshauriwa nikope milioni 20 nipaue na kumalizia. Benki yangu wamesema 16% ila kuna taasisi wanatoa kwa 9% miaka mitano, nimeona huko ni rahisi sana. Au niendelee mdogo mdogo tu bila mkopo? *Mwalimu, Morogoro*

JIBU: Mwalimu usikimbilie hiyo tisa kabla hujauliza kama ni riba ya flati, na nina uhakika wa kutosha kwamba ni flati. Flati maana yake wanapiga 9% ya milioni 20 yote, miaka yote mitano, hata pale ambapo umeshalipa zaidi ya nusu. Ni 1,800,000 kwa mwaka, mara tano ni milioni 9, jumla 29, rejesho 483,333. Ukiigeuza kuwa riba ya salio linalopungua inakuwa kama 15.7%. Kwahiyo hiyo tisa na kumi na sita ya benki ni karibu kitu kilekile! Wakishaongeza ada ya fomu na bima tisa inaweza kuwa ndo ghali. Dawa yake ni moja, usiulize asilimia, uliza rejesho la mwezi mara idadi ya miezi, jumlisha na kila ada unayolipa mwanzoni, afu linganisha shilingi kwa shilingi.

Kuhusu mdogo mdogo, naiheshimu sana, ndivyo nyumba nyingi za nchi hii zilivyosimama na haina riba. Lakini sio bure. Miaka minne umekuwa unalipa kodi huku ukuta umenyeshewa, nondo zilizochomoza zimeota kutu, na bati na saruji unazokuja kununua hazina bei ya mwaka ule ulioanza msingi. Kama kodi unayolipa ni kama laki mbili kwa mwezi, hiyo ni milioni 2.4 kila mwaka pagale likiwa limesimama, kwa miaka minne karibu milioni kumi. Ningekuwa wewe nisingekopa 20. Ningemwita fundi anipigie hesabu ya kupaua, milango ya nje, chumba kimoja na choo, nikope hiyo tu labda 8 au 9, nihamie, na ile kodi niliyoacha kulipa ndo iwe sehemu ya rejesho. Tailizi na gypsum zisubiri.

SWALI: Assalaam alaykum. Sisi hatutaki riba. Benki ya Kiislamu wametupigia murabaha, wananunua nyumba milioni 80 wanatuuzia 176 kwa miaka 15, kila mwezi 977,778. Ndugu zangu wanasema ni riba kwa jina jingine, mimi sitaki kuingia huko, nataka kujua tu kama bei ni ya haki. *Msomaji, Unguja*

JIBU: Waalaykum salaam. La fiqhi nawaachia masheikh, nakujibu la hesabu. Malipo hayo ni sawa na mkopo wa kawaida wa kama 12.3%, kwahiyo ukilinganisha na 15 au 16 za mikopo mingine hapa iko vizuri, na bei ya murabaha ikishasainiwa haipandi, yaani yaliyompata kaka wa Arusha hapo juu wewe hayakukuti.

Pa kuangalia ni kulipa mapema. Ukipata hela mwaka wa tano ukataka kumaliza, malipo yaliyobaki ni kama milioni 117. Kwenye mkopo wa kawaida wa gharama hiyohiyo deni lingekuwa kama 67. Tofauti ya milioni 50! Benki nyingi za Kiislamu hutoa punguzo kwa anayemaliza mapema, wanaita ibra, lakini mara nyingi ni hiari yao. Waulize utaratibu wao ukoje, na uwaombe wakuonyeshe kwa maandishi mteja aliyemaliza mwaka wa tano hupunguziwa kiasi gani.

SWALI: Huku Uingereza nimepewa ofa ya 4% na nyie huko mnakatwa 15, kwa nini nisikope huku nikajenge Bongo? *Mdau, Leicester*

JIBU: Tofauti ni kubwa kweli, deni la thamani ya milioni 80 kwa 4% miaka 20 unalipa jumla kama milioni 116 badala ya 252. Sababu moja ya huku kuwa juu ni kwamba benki zetu zina pa kupeleka hela bila hatari, hati fungani ya serikali (yaani serikali ndo inakopa) ya miaka 20 kabla ya 2022 ilikuwa inalipa 15.49%, sasa benki ikukopeshe wewe kwa nane kwa nini?

Lakini ndugu yangu, hiyo 4% ni ya miaka mingapi? Mikopo mingi ya huko riba yake inafungwa miaka miwili au mitano afu inahamia riba ya kawaida ya benki. Riba ya Benki Kuu yao ilitoka 0.1% Desemba 2021 ikafika 5.25% Agosti 2023, na familia nyingi zilizokuwa zinamaliza muda wa kufungwa zilikuta rejesho limepanda mamia ya pauni. Afu benki ya huko haichukui kiwanja cha Bunju kama dhamana, inachukua nyumba yako ya Leicester. Mjomba akila hela ya saruji huku, anayeondolewa kwenye nyumba ni wewe na wanao huko. Kama kipato chako ni pauni na unaweza kusimamia ujenzi mwenyewe, kiasi kidogo sio kibaya. Na kama umeshachukua uraia wa huko, anza kwa mwanasheria wa ardhi kabla ya fundi.

SWALI: Nilikuwa na kazi bandarini ikaisha, mkopo wangu wa nyumba sijalipa miezi mitano, deni lilikuwa milioni 3 za Kenya na kila nikiuliza wanataja hesabu mpya imezidi. Je litaongezeka mpaka lini, na watauza? *Baba watatu, Mombasa*

JIBU: Pole sana baba. Kenya mna kinga ambayo wengi hawaijui, kifungu cha 44A cha sheria ya mabenki. Mkopo ukishahesabiwa umeshindikana kulipwa, riba wanayoweza kukudai kuanzia hapo haiwezi kuzidi deni lililokuwepo siku hiyo. Kama lilikuwa milioni 3, riba inakomea milioni 3, juu yake na gharama za kudai. Bado ni mzigo mkubwa, lakini una mwisho. Waombe taarifa ya akaunti inayoonyesha tarehe mkopo ulipoingizwa kundi hilo.

Kuuza, sheria yenu ya ardhi ya 2012 inataka kwanza notisi ya siku 90, usipolipa wanatoa nyingine ya siku 40 ya kuuza, na wanatakiwa wafanye uthamini na watafute bei nzuri inayopatikana. Ikiuzwa chini ya 75% ya bei ya soko, sheria inachukulia kwamba hawakutimiza wajibu huo, na unaweza kwenda mahakamani. Usisubiri kufika huko. Kabla notisi ya kwanza haijaisha nenda na barua, omba kupangiwa malipo upya, na kama kazi haionekani karibuni omba ruhusa ya kuiuza mwenyewe. Mnunuzi uliyemtafuta wewe, akija kuiona nyumba na familia yako ikiwa ndani na bustani imefagiliwa, atatoa bei ambayo dalali wa mnada hawezi kuipata, na kinachobaki baada ya benki kuchukua chake ni chako.